Maswali na majibu: Simon Sirro baada ya kuvua magwanda

Wiki hii wengi mmeniuliza kuhusu Simon Sirro, Mkuu wa Jeshi la Polisi Tanzania tangu Mei 2017 hadi Julai 2022.

Alitokea wapi hadi akapewa ukubwa ule? (Msomaji, Tabata)

Alikuwa Kamanda wa Kanda Maalumu ya Dar es Salaam, hivyo sura yake ilishazoeleka. Rais Magufuli alimteua kuchukua nafasi ya Ernest Mangu.

Mauaji ya Kibiti, mkoani Pwani, yalimkuta au aliyakuta? (Msomaji, Ikwiriri)

Aliyakuta yanawaka. Aprili 13, 2017, wiki chache kabla hajateuliwa, askari 8 waliuawa kwa risasi karibu na Jaribu Mpakani. Wenyeviti na watendaji wa vijiji walikuwa wakiuawa Kibiti, Rufiji na Mkuranga, watu wakalala na hofu. Chini yake operesheni ikapamba moto na mauaji yale yakapungua hadi kunyamaza. Hilo ni lake, apewe.

Lakini Novemba 21, 2017, mwandishi Azory Gwanda, aliyekuwa akiripoti mauaji hayo hayo, alichukuliwa Kibiti na watu wasiojulikana. Hajaonekana hadi leo. Mimi nikisikia Kibiti imetulia, namkumbuka Azory kwanza. Utulivu ambao mke hajui mumewe yuko wapi haujakamilika.

Kwa hiyo unamlaumu Sirro? Na risasi za Tundu Lissu je? (Msomaji, Singida)

Sisemi alitenda, wala sina ushahidi wa kusema hivyo. Namdai majibu. Lissu, mbunge wa upinzani wakati huo, alimiminiwa risasi Dodoma mchana, Septemba 7, 2017, nyumbani kwake kwenye makazi ya viongozi. Sirro alikaa kitini karibu miaka mitano baada ya siku ile na hakuna aliyefikishwa mahakamani. Faili la namna hiyo halimhusu mpelelezi wa wilaya peke yake. Likilala, mkubwa wa jeshi ndiye wa kuulizwa. Wapo wanaosema tumwache mzee wa watu apumzike. Mama wa aliyepotea anapumzika lini?

Mbona anaitwa mstaafu na bado yuko ofisini? (Msomaji, Kasulu)

Alistaafu upolisi, si utumishi. Rais Samia alipomteua Camillus Wambura kushika nafasi yake Julai 2022, Sirro akapelekwa ubalozi Zimbabwe, kama Mangu alivyopelekwa Rwanda. Mwaka 2025 akateuliwa Mkuu wa Mkoa wenu, Kigoma. Uzoefu wake una kazi, sikatai. Ninachoogopa ni mazoea ya kumhamisha mkuu wa polisi kabla Bunge halijamkalisha chini na kumuuliza alichoacha nyuma.

Kenya wanafanyaje? (Msomaji, Horohoro)

Katiba yao ya 2010 inampa Inspekta Jenerali, yaani mkuu wa polisi, kipindi kimoja tu cha miaka 4, na Bunge linamthibitisha kwanza. Kwetu Rais huteua na kutengua atakapo. Naupenda utaratibu wao, ingawa haujawaepusha na machungu: Inspekta Jenerali Japhet Koome alijiuzulu Julai 2024, muda wake haujaisha, baada ya vijana kuuawa kwenye maandamano.