Machimbo ya granaiti: uende Halibut Point au Vinalhaven?

Mkuu, umeuliza kati ya Halibut Point kule Massachusetts na kisiwa cha Vinalhaven, Maine, uanzie wapi. Kama una siku moja tu na unatokea Boston basi nenda Halibut Point, Vinalhaven mpaka upande feri pale Rockland na ni kama saa na robo kwenye maji, hiyo itakula siku nzima.

Ukifika usiishie kupiga picha za lile shimo lililojaa maji (kuogelea marufuku, usijaribu), angalia kingo za mawe utaona mistari ya vishimo, pale walitoboa wakapachika kabari za chuma wakagonga moja moja mpaka jiwe lipasuke lenyewe. Granaiti ni magma iliyopoa taratibu chini ya ardhi, ya hapo ina zaidi ya miaka milioni 400, halafu barafu za kale zikakwangua udongo wote juu, jiwe likabaki wazi kando ya bahari. Ndo maana biashara ilishika, unapakia melini hapohapo unapeleka New York kutandika barabara. Saruji na lami zilipokuja, kwisha habari, machimbo ya Halibut Point yalifungwa karibu na 1930.

Vinalhaven panga wikendi nyingine, huko ndo zilichongwa nguzo za kanisa kuu la St. John the Divine kule New York, walitaka kila nguzo iwe jiwe moja zikawa zinavunjikia kwenye mashine ya kukereza, ikabidi wakubali vipande viwili. Na huko machimbo mengine wanaruhusu kuogelea, beba taulo.