Skrini ya vipande vitatu katika Suspense: ilipigwaje?

Swali: Katika filamu bubu Suspense ya mwaka 1913, mke anampigia mumewe simu huku mzururaji akiizengea nyumba, na wote watatu tunawaona kwa pamoja, skrini imekatwa mshazari. Nawezaje kupata picha kama hiyo bila kompyuta? Nina kamera ya zamani ya milimita 35, ya kuzungusha kwa mkono.

Jibu: Kwa kadi nyeusi, na kwa kupitisha utepe uleule kwenye kamera mara tatu.

Chukua kadi nyeusi isiyong'aa, ikate kuanzia katikati ya ukingo wa juu hadi pembe mbili za chini. Utapata vipande vitatu. Kila zamu ziba viwili mbele ya lenzi, acha kimoja wazi. Vitoke kwenye kadi moja, la sivyo mipaka haitaoana.

Kwa kawaida mzunguko mmoja wa mkono hupitisha fremu 8. Mizunguko miwili kwa sekunde hutoa fremu 16. Tukio la sekunde 20 ni mizunguko 40, futi 20 za utepe. Ukimaliza, funika lenzi, rudisha mizunguko 40, badilisha kadi, uende kwa mhusika wa pili.

Wengi hupunguza mwanga wakidhani picha zinapandana. Usipunguze: kila eneo linapigwa mara moja tu. Lakini usiguse tundu la lenzi. Ukianza na f/8 (kipimo cha upana wa tundu), malizia na f/8, kwa sababu tundu likipanuka ukungu wa ukingo wa kadi nao unapanuka. Mipaka ikipandana utaona mstari unaong'aa, ikiachana, mweusi. Picha zikitetemeka kila moja kivyake, kagua matundu ya pembeni ya utepe na pini zinazoushika.

Kazi ngumu hasa ni kuoanisha uigizaji. Lois Weber, aliyeiongoza na Phillips Smalley na kuigiza mke, alijua hofu ya simu ya nyumbani ilipo: mume anasikia kila kitu ila mkono wake haufiki, na mzururaji anakata waya. Hofu hiyo haionekani mume akichelewa kushtuka. Basi msaidizi ahesabu mizunguko kwa sauti, nawe uandike: mke anatamka neno kwenye wa 24, mume anashtuka kwenye wa 25, waya unakatwa kwenye wa 36. Mizunguko minne iliyobaki mwache mume na kipokezi sikioni, simu imekufa.