Kesi Haiishi, au Inaisha Mbio Mno? Wasomaji wa Nyanda za Juu Kusini Wanauliza

Barua za toleo hili zimetoka Rungwe, Iringa, Mafinga, Mbarali na Makambako. Baadhi ya wasomaji wanalia kwamba mahakama inakawia, wengine kwamba imewakimbiza. Tumezijibu pamoja kwa sababu mara nyingi dawa ya malalamiko yote mawili iko sehemu moja: ndani ya jalada la shauri, kwenye kilichoandikwa na kisichoandikwa.

Nilimuuzia mfanyabiashara viazi kwa mkopo, hakulipa, nikafungua madai Mahakama ya Mwanzo. Shauri limeahirishwa mara sita na mdaiwa hajafika hata siku moja. Natoka Isongole alfajiri, natumia nauli, naambiwa nirudi baada ya wiki mbili. Kwa nini hakimu asinipe haki yangu tu? — Mkulima, Rungwe

Pole sana, ndugu yetu. Kabla ya kumlaumu hakimu, nenda masijala, ofisi ya mahakama inayotunza majalada, na namba ya shauri lako, uombe kukagua jalada. Wewe ni mdaawa, yaani mhusika wa shauri, hiyo ni haki yako. Tafuta karatasi moja tu: nakala ya wito iliyorudi. Je, ina sahihi au dole gumba la mdaiwa, tarehe aliyoupokea na jina la aliyempelekea? Kama alikataa kupokea, je, mpeleka wito ameeleza hivyo kwa maandishi? Kama nakala hiyo haimo, basi kwa macho ya sheria mdaiwa wako hajaitwa, na hizo tarehe sita zote zilikuwa za kutajwa, si za kusikilizwa.

Wito hukwama kwa sababu ndogo ndogo. Umeandikwa kwa jina la utani ambalo sokoni kila mtu analijua lakini mtendaji wa kijiji halijui. Umepelekwa kijiji alichohama. Au uko ofisini kwa mtendaji, haujatoka. Kwa hiyo mpe karani majina matatu ya mdaiwa, kitongoji, namba ya simu, na mahali anaposimama siku ya gulio. Omba pia uandamane na mpeleka wito umwonyeshe mtu mwenyewe. Akiendelea kujificha, iombe mahakama iruhusu njia nyingine, kama kuubandika wito kwenye makazi yake.

Uthibitisho ukishaingia jaladani na bado hajafika wala kutoa udhuru, simama siku hiyo useme: "Mheshimiwa, naomba kuthibitisha madai yangu upande mmoja," yaani bila mdaiwa kuwepo. Njoo umejiandaa, maana kutokuwepo kwake hakukupi ushindi wa bure. Leta daftari la mauzo, ujumbe wa simu na shahidi aliyeona magunia yakipakiwa.

Hakimu anayesita hapo mara nyingi anakulinda wewe. Akikupa hukumu ya upande mmoja juu ya wito wenye kasoro, mdaiwa atakuja baadaye, ataonyesha hakuitwa, hukumu itatenguliwa na utaanza upya. Miezi uliyodhani umeiokoa itakuwa imepotea yote.

Kama mdaiwa aliitwa vizuri na anatuma udhuru kila tarehe, hapo usinyamaze. Omba sababu ya ahirisho iandikwe kwenye mwenendo, yaani kumbukumbu za shauri zinazoandikwa na hakimu, omba tarehe hiyo iwe ahirisho la mwisho, na omba akulipe gharama za siku hiyo. Tunza tiketi za basi kwa ajili hiyo. Kama anayekosekana ni hakimu mwenyewe, ulizia kwa karani siku anazokaa katika kituo hicho, kwa kuwa hakimu mmoja anaweza kuhudumia zaidi ya mahakama moja ya mwanzo.

Mahakama yenyewe huhesabu shauri la Mahakama ya Mwanzo kuwa mlundikano, yaani shauri lililokaa kupita kiasi, likizidi miezi 6. Likifika hapo, mwandikie Hakimu Mfawidhi wa Wilaya ukurasa mmoja: namba ya shauri, orodha ya tarehe, na kilichotokea kila tarehe. Usiandike kwamba hakimu amehongwa kama huna ushahidi. Orodha ya tarehe inatosha kusema yenyewe.

Na hili tunalisema kwa uzito: mahakama ambayo tangu jana inajua shauri halitaendelea, halafu ikaacha mtu apande basi alfajiri kwenye baridi ya Rungwe kuja kusikia tarehe nyingine, imemwonea. Namba za simu za wadaawa zimo jaladani. Kuwapigia ni kazi ya dakika chache.

Kesi yangu ya madai iko Mahakama ya Wilaya. Alikuja hakimu mpya, akasema kesi imezidi mwaka na hataki tena maahirisho. Shahidi wangu alikuwa amelazwa, akafunga ushahidi wangu papo hapo. Hii ni haki? — Msomaji, Iringa mjini

Hakimu huyo anasukumwa na jambo la kweli. Kwa Mahakama za Wilaya na za Hakimu Mkazi, mlundikano huanzia miezi 12. Katiba nayo, ibara ya 107A(2)(b), inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi. Lakini Katiba hiyo hiyo, ibara ya 13(6)(a), inakupa haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Mahakama ya Rufani imesema mara nyingi kwamba uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika ni batili, hata kama angesikilizwa na matokeo yakawa yale yale. Shauri la namna hiyo hurudishwa chini kuanza tena, na kasi yote iliyotafutwa inakuwa hasara kwa pande zote mbili.

Swali ni kama sababu yako ilikuwa ya msingi na kama uliithibitisha. Kusema tu "shahidi anaumwa" hakutoshi. Ulipaswa kuwa na cheti cha hospitali, ueleze shahidi huyo angethibitisha nini ambacho hakuna mwingine anayeweza kukithibitisha, na utaje tarehe ya karibu ambayo angeweza kufika. Ikiwa uliyafanya hayo na hakimu akakataa bila kutoa sababu, una hoja nzito. Ikiwa ulishapewa maahirisho matatu kwa shahidi huyo huyo, hoja yako ni nyepesi, na kwa kweli mwenzako naye ana haki ya kumaliza kesi.

Usikimbilie kukata rufaa leo. Amri ndogo ya katikati ambayo haimalizi shauri haikatiwi rufaa. Ukiikatia, rufaa itatupwa. Iache iwe mojawapo ya sababu zako za rufaa baada ya hukumu. Kwa sasa, omba mahakama hiyo hiyo ikuruhusu kumwita shahidi kabla hukumu haijaandikwa, ukiambatanisha cheti cha hospitali kwenye hati ya kiapo.

Kagua pia jambo la pili. Hakimu anayepokea jalada lililoanza kusikilizwa na mwenzake anatakiwa kuandika kwenye mwenendo sababu ya kulipokea: uhamisho, ugonjwa, kustaafu. Wadaawa wengi hawajui hili. Mahakama ya Rufani imewahi kufuta mienendo kwa kukosa mstari huo mmoja.

Tangu 2018 Sheria ya Mwenendo wa Madai inataka mashauri yaamuliwe kwa haki, kwa haraka, kwa uwiano na kwa gharama nafuu. Wengi wamelipokea hilo kana kwamba kila kosa la utaratibu sasa husamehewa. Katika rufani ya Baraza la Kijiji cha Mondorosi, Mahakama ya Rufani ilikataa kutumia kanuni hiyo kwa upofu kuruka masharti ya lazima yanayogusa msingi wa shauri. Mahakama ikikuambia "tuharakishe", inaweza kupunguza maneno na tarehe. Haiwezi kupunguza nafasi yako ya kusema na kujibu.

Nimeshindwa kesi Mahakama ya Mwanzo. Nasubiri nakala ya hukumu ili nikate rufaa, na siku zinakwenda. Nifanyeje? — Mfanyabiashara wa mbao, Mafinga

Usisubiri! Muda wa kukata rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda Mahakama ya Wilaya ni siku 30 tangu uamuzi ulipotolewa, na sheria hailazimishi kuambatanisha nakala ya hukumu kwenye rufaa hiyo. Mahakama ya Rufani imeshalisema hilo wazi. Andika sababu zako za rufaa ukikumbuka ulichosikia siku ya hukumu, uziwasilishe Mahakama ya Wilaya, na jalada litaitwa. Wanaosubiri nakala hujikuta siku ya 45 wakiomba kuongezewa muda, na kisingizio cha nakala hakiwasaidii.

Ukishindwa tena Wilaya, una siku nyingine 30 kwenda Mahakama Kuu, kwako ikiwa Kanda ya Iringa, ila karatasi za rufaa hiyo zinafunguliwa pale pale Mahakama ya Wilaya. Na kumbuka kwamba rufaa peke yake haizuii kukazia hukumu, yaani kuitekeleza. Omba zuio mapema, kabla dalali wa mahakama hajafika kwenye mbao zako.

Baraza la Kata limekaa na mgogoro wetu wa shamba la mpunga miezi mitatu. Tunaambiwa bila hati yao hatuwezi kwenda mbele. — Familia, Mbarali

Mnaweza. Mabadiliko ya sheria ya 2021 yaliyaondolea Mabaraza ya Kata mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi, yakabaki na kusuluhisha. Baraza likishindwa kuwasuluhisha ndani ya siku 30 tangu mlipofikisha mgogoro, mnaruhusiwa kufungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya bila hati yao. Mnachohitaji ni kuthibitisha siku mliyofungua: nakala ya malalamiko yenye muhuri na tarehe ya kupokelewa. Kama hamkupewa, iombeni leo kwa maandishi. Na kama Baraza la Kata limeandika kitu likakiita hukumu, halina nguvu hiyo tena.

Nataka kuwasilisha nyaraka zangu kwa mtandao siku ya mwisho. Kuna hatari? — Msomaji, Makambako

Kwa kanuni za 2018, waraka uliotumwa kwenye mfumo kabla ya saa sita usiku huhesabiwa kuwa umewasilishwa siku hiyo, mradi haukukataliwa. Hatari iko kwenye malipo. Pata namba ya malipo na ulipe siku hiyo hiyo, kwa sababu kulipa kesho yake kunampa mpinzani pingamizi. Mtandao unapokatika wakati wa mvua, masijala haitajua ulihangaika kiasi gani, kwa hiyo tuma angalau siku tatu kabla. Skani kurasa zote zikiwa wima na zinasomeka, chapisha uthibitisho wa mfumo, hifadhi na risiti. Nyaraka halisi usizitupe. Mkataba uliotumwa kwa mtandao bado haujawa kielelezo. Siku ya ushahidi utatakiwa kuutoa mahakamani, mpinzani aulizwe kama anaupinga, na ndipo mahakama iupokee na kuupa namba.