Wajuane kwanza nje ya geti

Mhariri, wiki hii mmeuliza: mbwa wa rafiki akija kucheza na wako, unafanyaje wasiumizane? Mimi nafuga hapa Mwanza, Buswelu, na jibu langu ni kwamba wasikutanie ndani ya ua.

Mbwa wetu wengi wamelelewa kulinda. Mchana wamo bandani, usiku wanafunguliwa, na kila wasiyemjua akiingia getini ni mwizi. Ukimleta mbwa mwingine humo ghafla, wako atafanya kazi aliyozoea. Kwa hiyo mimi na rafiki yangu tunakutana barabarani, kila mtu na kamba yake mkononi. Tunatembea njia moja tukiwa tumeachana, tukisogeleana kidogo kidogo, mpaka wanusane na kuzoeana. Ndipo tunaingia wote.

Kadi ya chanjo naiomba kabla, hata kwa mtu wangu wa kufa na kuzikana. Kichaa cha mbwa dalili zikishaanza hakina tiba, na chanjo yake inarudiwa kila mwaka. Jike aliye kwenye joto, yaani anayetaka dume, abaki kwao.

Uani naokota kila kinacholiwa. Hili nimejifunza kwa uchungu. Mwaka juzi nilisahau kichwa cha sangara karibu na jiko la mkaa. Mbwa wangu Simba na mgeni wake walikuwa wakikimbizana vizuri, mara mgeni akakinusa. Simba akasimama, mwili umekakamaa kama gogo, mkia juu unatikisika upesi upesi. Mwanangu akasema, "Mama, anafurahi." Hakuwa anafurahi. Kufumba na kufumbua, sikio la mgeni limechanika. Tuliwaachanisha kwa ndoo ya maji. Mkono usiutie katikati kamwe.

Tangu siku ile siangalii mkia peke yake. Mbwa anayecheza kweli mwili wake umelegea; anainamisha miguu ya mbele, anabinua makalio juu, kisha wanapokezana: huyu anakimbiza, halafu anakimbizwa. Nikiona mmoja anaonewa tu, mkia ameufyata, nawatenga wapumzike kivulini, kila mmoja na beseni lake la maji. Na tunacheza asubuhi na mapema au jioni, maana jua likishapanda mawe yetu haya yanaunguza nyayo.

Wapo wanaowapeleka mwaloni, kule ziwani wavuvi wanakoshushia samaki, wakakimbie mchangani. Mimi sithubutu. Kuna ndoano, kuna dagaa wa watu wameanikwa, kuna mbwa wasio na mwenyewe ambao hakuna anayejua kama wamechanjwa, na sehemu nyingine za ziwa zina mamba.

Ikitokea mtu ameng'atwa, hata kidogo, osheni jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha nendeni hospitali siku hiyohiyo. Msingoje kuona kama mbwa ataugua.