Beetle iliisha 1978 au 2003?

Mkuu, umeuliza ipi ni sahihi kati ya 1978 na 2003 kama mwisho wa Volkswagen Beetle, ile mgongo wa chura. Zote ni sahihi. Nchini Ujerumani, kiwanda kikuu cha Wolfsburg walisimamisha Julai 1974, kile cha Emden wakaendelea hadi Januari 1978, na hapo Ujerumani ikabaki na ile ya kufunguka paa tu, hadi 1980. Mexico ndiyo iliyoibeba: ya mwisho ilitoka kiwanda cha Puebla tarehe 30 Julai 2003, jumla zikiwa zimefika 21,529,464.

Lakini ukitaka kuielewa historia yake, anzia 1945. Ferdinand Porsche aliisanifu kabla ya vita kwa agizo la utawala wa Hitler, ila raia hawakuipata. Vita vilipokwisha, kiwanda cha Wolfsburg kikiwa kimepigwa mabomu, meja Mwingereza Ivan Hirst alilishawishi jeshi lake liagize magari 20,000. Kwangu mimi huyu ndiye aliyeiokoa. Bila oda ile kiwanda kingeweza kung'olewa mashine zote. Kufikia 1955 walishatengeneza milioni moja, na Februari 1972 ikaivunja rekodi ya Ford Model T ya gari lililotengenezwa kwa wingi zaidi.

Na usisahau, gari hili hili ndilo lililoshinda Safari Rally ya 1962.