Maswali ya Wasomaji: Nani Mkubwa Kazini, Aliyepanda au Aliyeajiriwa Moja kwa Moja?

SWALI: Mimi ni Afisa Kilimo katika halmashauri moja ya Mkoa wa Mbeya. Nilianza kazi mwaka 2008 nikiwa Afisa Kilimo Msaidizi mwenye stashahada ya Uyole, na nimewahudumia wakulima wa viazi mviringo na mahindi katika kata za milimani. Mwaka 2018 nilihitimu shahada katika Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, nikaomba kubadilishwa kada, lakini barua ya kuwa Afisa Kilimo Daraja la II niliipata mwaka 2022. Katikati hapo, mwaka 2021, waliletwa vijana wawili walioajiriwa kupitia Sekretarieti ya Ajira katika cheo hicho hicho. Wakati huo nilikuwa nakaimu usimamizi wa kitengo, na mmoja wao nilimwelekeza kazi mimi mwenyewe. Sasa tange ya watumishi, yaani orodha inayowapanga kwa ukubwa kazini, imewaweka juu yangu, na wao ndio wanaopendekezwa kupanda Daraja la I. Miaka yangu imekwenda wapi?
Msomaji, Mbeya

JIBU: Ndugu msomaji, pole kwa uchungu huo, ambao watumishi wengi waliopanda kutoka ngazi za chini wanaujua. Miaka yako haijapotea, kwa kuwa utumishi wako wa tangu 2008 unaendelea kuhesabika katika mafao yako ya uzeeni. Tange, hata hivyo, hailinganishi urefu wa utumishi wa watu; inawapanga watumishi wa kada moja walio katika cheo kimoja, kwa kufuata tarehe ambayo kila mmoja aliingia katika cheo hicho kwa utaratibu halali. Afisa Kilimo Msaidizi ni kada yenye muundo wake wa maendeleo ya utumishi, na Afisa Kilimo ana muundo wake. Kwa hiyo, ikiwa wenzako waliingia Daraja la II mwaka 2021 na wewe 2022, mwajiri hakukosea kuwatanguliza. Hata kama ulibakiziwa mshahara wako wa zamani kama mshahara binafsi na unalipwa kuwazidi, mshahara hauonyeshi ukubwa katika cheo.

Kuhusu kukaimu, nchi iliyolumbana kuhusu jambo hili mahakamani kwa muda mrefu ni India, ambako nafasi za maofisa hugawanywa kati ya wanaopandishwa na wanaoajiriwa moja kwa moja. Mwaka 1990 Mahakama ya Juu ya huko, katika shauri la wahandisi wa jimbo la Maharashtra, iliamua kwamba mtu aliyeteuliwa kwa kufuata kanuni huhesabiwa tangu siku ya uteuzi wake, si siku ya kuthibitishwa. Bali aliyewekwa kwa muda tu ili kuziba pengo, nje ya kanuni, hawezi kuhesabiwa kipindi hicho. Uamuzi huo hauifungi mamlaka yoyote ya Tanzania, lakini mantiki yake naikubali. Kukaimu kunaonyesha kwamba uliaminiwa, nako hakukupi cheo ambacho hujateuliwa.

Hata hivyo, naona shauri lako halisi liko katika ile miaka minne ya kusubiri, na hapo nakusihi usikate tamaa. Kubadilishwa kada kunahitaji nafasi katika Ikama (orodha ya nafasi za kazi zilizoidhinishwa), fedha katika bajeti ya mishahara na kibali cha Ofisi ya Rais, Utumishi, hivyo kuchelewa peke yake si kosa la mwajiri. Lakini kama nafasi ilikuwapo, kibali kikatoka, kisha jalada lako likalala mezani kwa mtu hadi wengine wakaajiriwa, si haki wewe ubebe mzigo wa uzembe huo mpaka siku ya kustaafu. Omba kuonyeshwa Ikama ya kila mwaka tangu 2018, tarehe ya kibali, na muhuri wa kupokelewa kwa maombi yako. Isome pia barua yako upya kwa makini, kwa sababu tarehe iliyosainiwa na tarehe ya kuanza kutumika kwa cheo zinaweza kutofautiana, na inayobeba uzito ni hiyo ya pili. Wengi huishia kutazama tarehe ya juu.

Serikali yenyewe imewahi kukubali kwamba mtumishi hapaswi kudumu nyuma kwa sababu isiyo yake: upandishaji wa vyeo uliposimamishwa mwaka 2016 ili kupisha uhakiki wa watumishi, baadhi ya waliokwama walikuja kupandishwa kwa mserereko ili wawafikie wenzao. Jambo hilo unaweza kulitaja katika barua yako.

Andika kwa Mkurugenzi kupitia kwa mkuu wako wa idara, ukiomba tarehe irekebishwe, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri. Usiposikilizwa, peleka shauri Tume ya Utumishi wa Umma, ukikumbuka kwamba rufaa hukatwa ndani ya siku 45. Usikimbilie mahakamani kwanza: kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoongezwa mwaka 2016, kinamtaka mtumishi amalize njia zilizomo katika sheria hiyo kabla ya kutafuta nafuu chini ya sheria za kazi. Na katika barua hiyo wale vijana usiwaguse. Hawakukuchukulia kitu, na unayemdai ni mwajiri.

Waajiri nao nawaambia wazi: tange ibandikwe ubaoni kila mwaka, watumishi waisome na kusahihisha tarehe zao kabla ya vikao vya upandishaji, badala ya kufichwa hadi barua za wengine zitoke.

SWALI: Nilifaulu usaili mwaka 2020, nikawekwa katika kanzidata ya waliofaulu wanaosubiri nafasi, nikapangiwa kituo Njombe mwaka 2022. Mwenzangu alipandishwa kuingia cheo hiki 2021. Je, nisihesabiwe tangu usaili?
Msomaji, Njombe

JIBU: Hapana. Kufaulu usaili kulikupa sifa ya kupangiwa kazi, lakini ajira yako ilianza uliporipoti kituoni ukiwa na barua. India walijaribu njia unayoitaka: mwaka 2012 Mahakama ya Juu iliruhusu wanaoajiriwa moja kwa moja wahesabiwe tangu mchakato wa kujaza nafasi ulipoanza, na mwaka 2019, katika shauri la maofisa wa polisi wa Manipur, mahakama hiyo hiyo ikautengua msimamo huo, ikisema mtu hawezi kuhesabiwa ukubwa katika utumishi ambao alikuwa hajauingia. Mwenzako wa 2021 amekutangulia kihalali.