Maswali na Majibu: Modi za The Sims 4 na mafaili yasiyojulikana yalikotoka

Maswali niliyoyachagua safari hii yanahusu The Sims 4 pekee, mchezo wa kuigiza maisha ya wahusika na familia zao, kwa kuwa ndiyo yanayoingia kwa wingi tangu mchezo wa msingi ulipofanywa kuwa wa bure tarehe 18 Oktoba 2022. Nachukulia kwamba msomaji anajua modi ni nini (nyongeza za mchezo zinazotengenezwa na wachezaji), anaijua folda ya Mods ilipo, na anaweza kupakua faili bila kushikwa mkono.

Dada, nimeweka modi nyingi na hakuna hata moja inayoonekana. Tatizo ni nini? (Msomaji, Tabata)

Swali hili huja kila mwezi, na karibu kila mara huja hivi hivi, bila jina la modi, bila kueleza ilipatikana wapi, wala mchezo ulisasishwa lini mara ya mwisho. Ukienda hospitali ukasema tu "naumwa", daktari ataanza kukuuliza maswali, nami nalazimika kufanya vivyo hivyo. Kwanza, je, katika mipangilio ya mchezo, sehemu iitwayo Other, umeweka alama kwenye visanduku vyote viwili, kile cha modi kwa ujumla na kile cha modi za skripti (zenye msimbo wa programu), kisha ukafunga mchezo na kuufungua upya? Kila sasisho linapoingia, mchezo huzima modi zote wenyewe, kwa hiyo kuviwasha mwaka jana hakukusaidii leo. Pili, je, ulilifungua faili lililobanwa, au umeliacha ndani ya folda likiwa bado ni .zip au .rar? Mchezo hausomi mafaili hayo.

Tatu, na hili ndilo linalowapoteza hata wazoefu: kwenye kompyuta nyingi za Windows za siku hizi, folda ya Documents huhamishiwa OneDrive, hifadhi ya mtandaoni ya Microsoft, pasipo mwenye kompyuta kutambua, na matokeo yake kunakuwa na Documents mbili zenye sura moja. Unaweka modi katika moja, mchezo unasoma nyingine. Fungua folda ya saves, inayotunza michezo uliyohifadhi, iliyo jirani na Mods. Kama ndani yake hamna faili lenye tarehe ya siku uliyocheza mwisho, basi uko kwenye folda isiyo sahihi.

Nilifungua faili la .ts4script kwa WinRAR, yakatoka mafolda mengi, na sasa modi haifanyi kazi. (Msomaji, Kinondoni)

Faili la .ts4script, yaani la modi ya skripti, halifunguliwi. Lirudishe kama lilivyokuwa, na uliweke moja kwa moja ndani ya Mods au ndani ya folda moja tu iliyomo humo, kwa sababu likizidi kina hicho mchezo haulioni. Mafaili ya .package ndiyo yanayovumilia kuwekwa ndani zaidi, hadi folda tano. Maelezo haya huandikwa na watengenezaji wenyewe kwenye ukurasa wa kupakulia, na nasikitika kwamba wengi wetu tunauruka ukurasa huo tukikimbilia kitufe.

Shikamoo dada. Kuna kaka Kariakoo anauza flashi yenye modi zote muhimu pamoja na vifurushi vya mchezo vilivyokwisha kufunguliwa. Bei yake ni ndogo kuliko bando la kupakua. Je, ninunue? (Mwanafunzi, Mbagala)

Marahaba, mdogo wangu. Usinunue. Naelewa hesabu ya bando, kwa kuwa mchezo wenyewe tu unakula makumi ya gigabaiti, na modi zikiongezwa mzigo unazidi. Lakini elewa ni kitu gani unachokiingiza kwenye kompyuta yako. Faili la .package kwa kawaida hubeba nguo, nywele, samani au mabadiliko ya takwimu za mchezo. Faili la .ts4script hubeba msimbo wa Python, nao unapoanza kufanya kazi unaweza kugusa mambo yaliyo nje kabisa ya mchezo. Mwaka 2024 jambo hili lilitokea: modi zilizopandishwa kwenye kurasa ambazo wachezaji walikuwa wakiziamini zilikutwa na programu hasidi iliyoiba nywila zilizohifadhiwa kwenye vivinjari pamoja na taarifa za akaunti kama za Discord. Ziligunduliwa kwa sababu kulikuwa na watu wa kuzichunguza, kulikuwa na jina la aliyezipandisha, na kulikuwa na mahali pa kutangaza tahadhari. Flashi ya Kariakoo haina hata kimoja kati ya hivyo. Muuzaji alinakili kwa mwenzake, naye mwenzake alinakili kwa mwingine, na hakuna anayeweza kukuambia faili fulani ni la nani wala ni la toleo gani.

Niliwahi kuonyeshwa kompyuta mpakato ya kijana wa Sinza aliyenunua flashi ya namna hiyo. Ndani ya Mods kulikuwa na folda iitwayo MODS MPYA, ndani yake nyingine iitwayo MODS, na humo MC Command Center, modi ya skripti ya kudhibiti mambo mengi ya mchezo, ilikuwapo mara mbili, toleo moja likiwa limepitwa na wakati na jingine likiwa na alama ya (1) mwishoni mwa jina. Ngozi za wahusika zilikuwa za watengenezaji watatu tofauti, zote zikijaribu kuchukua nafasi ya ngozi ile ile ya mchezo. Kijana huyo alikuwa ameshaamini kwamba kompyuta yake ni mbovu, na alikuwa anajiandaa kuiuza.

Mchezo wa msingi ni bure, kwa hiyo upakue kwa njia halali, hata kama itakubidi uuache upakue usiku. Modi zichukue moja moja kutoka kwa aliyezitengeneza, au tovuti ya CurseForge, ambako wenye mchezo, kampuni ya Electronic Arts, wamekubali rasmi zihifadhiwe. Weka pia ModGuard ya mtengenezaji wa modi aitwaye TwistedMexi, iliyotengenezwa baada ya tukio la 2024 ili kukagua modi za skripti, nayo ni ya bure. Na ukishaichomeka flashi ya namna hiyo na kuendesha modi zake, badilisha nywila za barua pepe yako kwanza, kwa kutumia kifaa kingine, kabla ya kushughulikia mchezo.

Ninacheza kwenye PlayStation 4. Naweka vipi modi? (Msomaji, Kigamboni)

Haiwezekani, wala kwenye Xbox, na yeyote anayekuahidi kukuwekea kwa malipo anakudanganya.

Kwa nini wahusika weusi wanatoka vibaya, na nitapata wapi misuko na nguo za kitenge? (Msomaji, Sinza)

Hili nalijibu kwa moyo wote. Mchezo ulitoka mwaka 2014, na kwa miaka mingi ngozi nyeusi zilikuwa chache, baadhi zikionekana kama zimepakwa majivu. Kabla kampuni haijalishughulikia, wachezaji wenyewe ndio waliolishughulikia. Mtengenezaji wa Marekani Amira Virgil, ajulikanaye kama Xmiramira, alitoa bure ngozi na vipodozi vya watu weusi alivyoviita Melanin Pack, na kazi hiyo ndiyo iliyowafanya wengi wabaki kwenye mchezo huu. Desemba 2020 ndipo mchezo wenyewe ulipoongezewa rangi za ngozi zaidi ya 100 pamoja na uwezo wa kurekebisha wepesi na uzito wa rangi. Kwa hiyo anza na zilizomo ndani ya mchezo, kisha ongeza modi moja tu ya ngozi, kwa sababu mbili zinazochukua nafasi ile ile hugombana.

Kuhusu misuko, angalia uzito kabla ya uzuri. Nywele nyingi zinazovutia kwenye picha zimejengwa kwa makumi ya maelfu ya pembetatu, yaani vipande vidogo vinavyounda umbo, na wapo watengenezaji wasioweka umbo jepesi la kutumika mhusika anapokuwa mbali. Weka wahusika wanane wenye misuko hiyo kwenye harusi moja, halafu uangalie kompyuta ya gigabaiti nne za kumbukumbu inavyohangaika. Mtengenezaji makini hutaja idadi ya pembetatu. Asipoitaja, muulize.

Kitenge nakushauri ukitengeneze mwenyewe. Programu ya Sims 4 Studio ni ya bure. Unachagua gauni la mchezo, unatoa picha ya kitambaa chake, unaipaka kwa GIMP, programu ya kuhariri picha, kisha unairudisha. Kosa ninaloliona sana ni kubandika picha ya kitenge juu ya gauni moja kwa moja, jambo linalofuta vivuli vya mikunjo na kumfanya mhusika aonekane amevaa karatasi. Weka tabaka la kitenge liwe la kuzidisha rangi (Multiply) juu ya kivuli cha awali, punguza ukubwa wa maua mpaka yalingane na mwili, na hakikisha mstari wa ubavuni, pale mbele na nyuma vinapokutana, maua hayakatiki. Ukimaliza, litoe bure, uandike jina lako na utaje gauni ulilolitumia kama msingi. Nguo za kwetu ni chache mno kwenye mchezo huu, na hakuna wa kuzileta isipokuwa sisi.

Baada ya sasisho, mchezo unafunguka lakini vitufe havionekani. Nifute kila kitu nianze upya? (Msomaji, Tegeta)

Usifute chochote, na usihifadhi mchezo ukiwa katika hali hiyo. Vitufe vikipotea, karibu kila mara chanzo ni modi inayogusa kiolesura, yaani vitufe na menyu za kwenye skrini, na ambayo bado haijarekebishwa. Sasisho la Machi 2023 lililoleta watoto wachanga lilivuruga modi nyingi kwa mpigo, na wale waliokuwa na orodha ya walichoweka walisubiri matoleo mapya bila kupoteza familia zao. Hamisha folda ya Mods kwenye eneo-kazi, futa faili la localthumbcache.package, ambalo ni kumbukumbu ya muda ya mchezo, kisha fungua mchezo. Ukiwa mzima, rudisha nusu ya modi na ujaribu. Tatizo likirudi, mkosaji yumo katika nusu hiyo, basi igawanye tena, na kuendelea hivyo hadi umpate. Njia hii inachosha, lakini haikosei. Better Exceptions, ambayo pia ni ya TwistedMexi, itakusaidia kusoma mafaili ya lastException, ambayo mchezo huyaandika ukipata hitilafu, kwa lugha ya kueleweka. Na kabla ya sasisho lolote lijalo, zima usasishaji wa moja kwa moja, unakili folda ya saves, ndipo uruhusu.

Mtengenezaji anadai malipo ya kudumu ili nipate modi yake. Ni halali? (Msomaji, Ilala)

Kwa sera ya Electronic Arts, modi lazima zitolewe bure. Mtengenezaji anaruhusiwa kupokea michango na kuwapa wachangiaji nafasi ya kuipata mapema kwa muda wa kiasi, kisha aiachie kwa wote. Anayefungia modi yake daima anavunja masharti. Lakini usiitafute kwenye kurasa za wizi, kwa sababu ile ile niliyompa mwanafunzi wa Mbagala.

Binti yangu wa miaka kumi na mitatu anaomba modi. Nimruhusu? (Mama, Ukonga)

Mama, mchezo wenyewe Ulaya umepewa alama ya miaka 12 na kuendelea, lakini modi hazipimwi na mtu yeyote, na zipo za ngono na ukatili zinazopatikana kirahisi. Mruhusu nguo, nywele na samani, yaani mafaili ya .package. Za skripti mpakue pamoja, mkisoma ukurasa wa mtengenezaji mkiwa mmeketi wote wawili.

Umeme ulikatika mchezo ukiwa unahifadhi, na sasa familia niliyoilea kwa vizazi kadhaa haifunguki. (Msomaji, Kimara)

Kwanza usiendelee kucheza. Ndani ya saves, pembeni ya faili lako lenye jina kama Slot_00000002.save, utakuta mengine yenye jina hilo hilo yanayoishia na .ver0 hadi .ver4. Hizo ni nakala za nyuma ambazo mchezo huzitunza wenyewe, na .ver0 ndiyo ya karibuni zaidi. Zinakili zote nje ya folda hiyo, kisha chukua .ver0, ondoa kipande hicho cha mwisho ili jina liishie na .save, na uipe namba ambayo hakuna faili jingine linaloitumia. Ikikataa kufunguka, jaribu .ver1, na kuendelea hadi .ver4. Fanya hivyo kabla ya kuhifadhi chochote kipya katika mchezo huo, kwa kuwa kila unapohifadhi upya, nakala ya zamani kuliko zote ndiyo inayofutwa.